Mita Tano za Kitambaa Chekundu

Huu ni mwezi wa tatu tangu nistaafu, na mke wangu amechoka kuniona nikisimama mlangoni kila asubuhi nikikadiria umbali wa kutoka hapa hadi kwenye geti la jirani. Ni mita themanini na tano. Nimehesabu kwa hatua na sikukosea sana. Ameniambia kama ni lazima nifundishe mtu, basi niandike, kwa sababu yeye hana nia yoyote ya kushambulia geti la jirani. Kwa hivyo naandika, kwa ajili yenu wakufunzi mliobaki kambini, hasa nyinyi wawili mlionitembelea hapa Kitengela juzi mkauliza ni kwa nini sheria zetu za mazoezi ya risasi zinakataza ishara ya rangi nyekundu, na mbona hakuna anayejua sheria hiyo ilitoka wapi.

Ilitoka kwangu. Lakini niacheni nianzie mbali kidogo.

Vyeo nilivyopanda sitaviandika. Nilifika nyanda za Kajiado mwanzoni mwa miaka ya tisini nikiwa koplo niliyejiamini kupita kiasi. Mimi ni mtu wa Machakos. Nilidhani vichaka vikavu nimevimaliza tangu nikichunga mbuzi. Sajini Wekesa, mzaliwa wa Bungoma ambaye ndiye aliyekuwa akifundisha mbinu za vikosi vidogo, hakubishana nami. Aliniambia tu nikajifiche. Nilijipenyeza nyuma ya kichaka cha leleshwa, kile chenye majani ya kijivu yanayonukia, nikatulia kabisa. Nilijiona hodari. Wekesa aliokota jiwe dogo, akalitupa moja kwa moja ndani ya kichaka, likanipata gotini.

"Umejificha vizuri," akasema. "Na umekufa vizuri pia."

Hilo ndilo somo langu la kwanza, na bado naliona kuwa ndilo kubwa kuliko yote. Kuna kitu kinachozuia macho na kuna kitu kinachozuia risasi. Kichaka kinazuia macho. Kichuguu kinazuia vyote viwili. Kuruta mwoga hukimbilia kilicho karibu naye bila kuuliza ni kipi kati ya hivyo, na mimi nilikuwa kuruta huyo ingawa nilikuwa na mistari miwili mkononi.

Wekesa alikuwa na sanduku la mbao, refu kama kitanda cha mtoto, lililojaa mchanga wa korongo. Humo alijenga dunia nzima: vilima kwa ngumi, mito kwa uzi wa sufu wa buluu, nyumba kwa viberiti vitupu. Kila mwaka tulilibadilisha sanduku hilo kwa sababu ardhi yenyewe ilibadilika. Kitengela ya wakati huo ilikuwa nyasi na nyumbu, na duka moja moja kando ya barabara. Miaka michache baadaye ukiangalia unaona nguzo za saruji za kugawa ploti, kisha ua wa mabati, kisha mtu ameanika nguo mahali tulipozoea kumweka adui. Kuna wakati kuruta alikimbilia kinga nyuma ya ubao ulioandikwa "Ploti hii haiuzwi". Nilimwambia adui huenda hajui kusoma.

Kwenye sanduku hilo Wekesa alitufundisha jambo ambalo, ukilivua majina yote ya vitabuni, ndilo vita vya ardhini. Kundi moja linafyatua risasi kumlazimisha adui ainamishe kichwa. Adui akiwa ameinama, kundi la pili linazunguka na kumwendea ubavuni. Ni kazi ya mbwa wawili kwa fisi: mmoja anabweka mbele, mwingine anakuja kwa nyuma. Ugumu wote uko katika dakika moja. Kundi la pili likimkaribia adui, kundi la kwanza sharti lipeleke risasi zake upande mwingine, kisha liache kabisa, la sivyo litawaua wenzake. Wekesa alipofika hapo alikuwa akifuta mchanga mikononi na kumtazama kila mmoja wetu usoni.

"Hiyo dakika inahitaji ishara," alikuwa akisema. "Na ishara ni lazima ionekane na mtu mwenye hofu."

Alistaafu akaniachia sanduku. Nami nikawa mdadisi wa ajabu wa mambo ya kuonekana na kutoonekana. Nilitaka kujua kwa nini mtu asiyetikisika huonekana asubuhi na kupotea saa sita, na kwa nini mstari wa watu wanne ni rahisi kuuona kuliko watu wanane waliotawanyika. Mke wangu alisema nilikuwa nikimwangalia kuku uani kama mtu anayepanga kumvamia.

Aliyenifunza mengi zaidi kuhusu hayo hakuwa mwanajeshi. Aliitwa Parsaloi, mfugaji wa Kimasai wa rika langu aliyechunga ng'ombe wake ukingoni mwa uwanja wetu wa mazoezi. Siku moja nilikuwa nimewapanga makuruta wanane wawavizie wenzao kando ya njia. Kila mmoja alikuwa amejifunika matawi, nami nimesimama mbali nikijipongeza. Parsaloi akaja na ng'ombe wake, fimbo begani. Alipofika kwenye kichaka cha kwanza akasema, "Supa." Akapiga hatua kadhaa, akasema tena, "Supa." Alisalimia vichaka saba, kimoja kimoja, kwa adabu zote. Kisha akasimama na kunigeukia.

"Huyu wa nane ako wapi? Amekuwa mgonjwa?"

Wa nane alikuwa amelala usingizi nyuma ya jiwe. Nilimfuata Parsaloi nusu kilomita nikimsihi anieleze.

"Majani yenu imelala," akasema. "Mmekata saa moja, sasa ni saa tano. Jani ya mti yenye iko na mizizi hailali. Na ng'ombe zangu hazipendi hiyo sabuni yenu."

"Sabuni gani?"

"Hiyo ya kuosha nguo. Inanuka mpaka kule Isinya."

Kuanzia siku hiyo makuruta wangu walibadilisha matawi kila saa mbili, na nguo za mazoezi zilifuliwa kwa maji matupu. Parsaloi naye akawa mtihani wetu wa mwisho. Nilikuwa nikimwomba apite na ng'ombe, na kila kichaka alichokisalimia kilirudia zoezi. Naamini alifurahia kazi hiyo kuliko mimi.

Sasa tufike kwenye kitambaa.

Kwa miaka mingi ishara yetu ya kuhamisha risasi ilikuwa bomu la moshi. Halina shida, linaonekana. Kisha ukaja ukame. Nyasi zilibaki vishungi vya rangi ya karatasi, na katika zoezi moja bomu la moshi lilitema cheche, likateketeza kilima kizima ambacho wafugaji walikuwa wamekitunza kwa ajili ya miezi ya mwisho ya ukame. Parsaloi hakunisalimia kwa wiki tatu. Sikumlaumu. Nilimwona akipita kando ya majivu na ng'ombe wenye mbavu za kuhesabika, nikaona aibu. Amri ikatoka kwamba hakuna moshi wala fataki hadi mvua inyeshe. Mimi ndiye niliyepewa jukumu la kutafuta ishara nyingine.

Nilifikiria kama mtaalamu. Rangi gani inaonekana mbali kuliko zote kwenye nyasi kavu? Nyekundu. Nikaenda mjini Kitengela, nikaingia duka la vitambaa, nikamwomba mama mwenye duka kitambaa chekundu kinachoonekana kutoka mbali. Alishusha rundo zima.

"Hii ndiyo watu wote wananunua," akasema. "Unaoa Umasaini?"

Nilicheka. Nikanunua mita tano, nikatoka, na njia nzima hadi kambini sikujiuliza watu wote waliokinunua walikuwa wakikifanyia nini. Nimejiuliza sana baada ya hapo. Mtu aliyejisifu kuona kila kitu alipita katikati ya soko lililojaa wafugaji waliojitanda mashuka mekundu akiwa na kipande cha shuka kwapani, na hakuona kitu.

Wakati huo nilikuwa na kuruta aliyeitwa Abdi, kijana mrefu mpole, baba yake akiwa mfanyabiashara wa mifugo katika mji wa Kajiado. Familia ilikuwa imetoka kaskazini mashariki. Baba alitaka mwanawe arithi biashara. Abdi akachagua jeshi. Aliniambia siku moja wakati wa kusafisha silaha kwamba baba yake alimpa sharti moja tu: akifukuzwa, asirudi kwa kupitia sokoni, maana huko ndiko baba alikokuwa amejigamba. Abdi alikuwa na mkono uliotulia kuliko wote, kwa hivyo nilimkabidhi bunduki ya rasharasha, ile inayolishwa kwa mkanda wa risasi. Yeye ndiye angekuwa mbwa wa kubweka.

Siku moja kabla ya zoezi la risasi za kweli tulirudia kila hatua bila risasi. Abdi alilala nyuma ya bunduki kwenye mwinuko, akilenga shabaha zilizokuwa mita mia nne mbele yake. Kundi la kushambulia, likiongozwa na Koplo Kirui, lingetokea kwenye korongo upande wa kulia, na Kirui angeinua kitambaa kwenye fimbo. Nyuma kabisa ya korongo hilo, nje ya mpaka wetu, kilima kilipanda polepole, na huko wafugaji walikuwa wakichunga. Tulipomaliza, Abdi alinijia.

"Afande, naomba kuuliza."

"Uliza."

"Huko juu kulia kuna watu wengi wa nyekundu. Sasa nitajua aje hii ni yetu?"

Nilikuwa na njaa, jua lilikuwa kali, na kitambaa kilikuwa wazo langu. Ndiyo sababu zote nilizo nazo. Nilimjibu, "Wewe angalia bunduki yako." Akasema ndiyo afande, akaondoka. Hakuna mwingine aliyesikia.

Asubuhi ya zoezi nilikwenda na kundi la Kirui. Tulitambaa ndani ya korongo, risasi za Abdi zikipasua hewa kushoto kwetu kwa mpangilio mzuri kabisa, tatu tatu, nne nne. Nilijivunia kijana wangu. Tulipofika mdomoni mwa korongo, Kirui akainua fimbo na kitambaa kikakamata upepo. Alihesabu hadi tano kama alivyofundishwa, akaamuru watu wake wanne wasimame na kusonga.

Bunduki haikuhama. Vumbi likaruka hatua kumi na tano mbele yetu, kisha kumi. Nilipiga kelele. Kirui alikitikisa kitambaa kama mtu anayefukuza nyuki. Redio ilikuwa moja tu, na ilikuwa kwa luteni aliyesimamia zoezi, ndani ya gari, upande wa pili. Tulilala kifudifudi kwenye mchanga, na kuruta mmoja akaanza kumwita mama yake kwa Kikalenjin. Kisha kukawa kimya. Hakuna aliyekuwa amekitambua kitambaa chetu. Mkanda wa risasi ulikuwa umekwisha tu. Kirui alisimama akakimbia kuelekea mwinukoni mikono ikiwa juu, akipiga kelele, kabla Abdi hajapachika mkanda mwingine.

Hakuna aliyeumia. Chupa ya maji ya kuruta mmoja ilitobolewa na kipande cha jiwe.

Uchunguzi ulianza siku hiyo hiyo, chini ya meja mmoja mkali aliyeletwa kutoka nje ya kambi yetu. Koplo wa usalama aliyekuwa kando ya Abdi alisema alikuwa akitazama mkanda wa risasi. Kirui alisema ishara ilitolewa kwa wakati. Mimi niliandika kwamba ishara ilitolewa kwa wakati na ilikuwa kubwa ya kutosha. Kila neno lilikuwa la kweli. Abdi aliulizwa kama aliona nyekundu.

"Niliona, afande."

"Kwa nini hukuhamisha risasi?"

"Nilifikiri ni mchungaji."

Meja aliliandika jibu hilo. Alidhani kijana anatunga uongo, tena uongo wa kitoto. Karatasi ya kumfukuza Abdi kwa uzembe iliandikwa, ikabaki kutiwa sahihi siku ya tatu. Abdi hakunitaja. Katika siku hizo zote nilipokutana naye alisimama wima, akanipa heshima, akapita. Nadhani aliona haifai kumchongea mwalimu wake. Heshima hiyo ilinikosesha raha kuliko tusi lolote. Nililala vibaya na kuamka nikiwa na hoja mpya ya kunyamaza: nina watoto shuleni, kijana ataweza kuuza ng'ombe, na kadhalika.

Kilichonisogeza kwanza, niseme ukweli, kilikuwa udadisi kuliko ushujaa. Nilitaka kujua kama aliyoyasema yanawezekana. Nilikwenda peke yangu nikalala pale bunduki ilipokuwa. Ukiwa umesimama, kilima cha wafugaji kiko mbali kabisa nyuma ya korongo, kilomita nzima. Ukilala kwa tumbo, nyasi zinafuta kila kitu kilicho katikati, na mdomo wa korongo unagusana na kilima. Mbali na karibu vinakuwa kitu kimoja. Sare ya Kirui ingemezwa na nyasi; kinachobaki ni kidoa chekundu kwenye fimbo. Na kule juu vilikuwapo vidoa vyekundu vitatu vyenye fimbo, vikichunga.

Nilikwenda moja kwa moja kwa meja nikamwomba nusu saa kabla hajatia sahihi. Kisha nikamtafuta Parsaloi.

"Unataka nifanye nini?" akaniuliza.

"Usimame tu. Na wenzako watatu."

"Kwani nyinyi mmesahau vile mtu anasimama?"

Asubuhi ya tatu tulikuwa sote kwenye mwinuko: meja, karani wake na ile karatasi, mimi, na Abdi akiwa amesimama wima kando. Kirui alikuwa mdomoni mwa korongo na kitambaa. Parsaloi na wenzake walikuwa kilimani. Nilimwomba meja alale nyuma ya mahali pa bunduki. Aliitazama sare yake iliyopigwa pasi, akashusha pumzi, akalala.

"Askari wangu ni yupi, afande? Nikipuliza filimbi, ataangusha kitambaa."

Meja alikaza macho. Upepo ulikuwa ukivuma kama siku ile. "Wa pili kutoka kulia," akasema, bila wasiwasi wowote.

Nilipuliza filimbi. Wa pili kutoka kulia hakuangusha kitu. Aliinua fimbo yake akatupungia, na hata kwa umbali ule nilimtambua Parsaloi. Kitambaa kilichoanguka kilikuwa upande mwingine kabisa. Meja aliamuru wabadilishane nafasi, akachagua tena, akakosea tena. Mara ya tatu alipata, akakiri mwenyewe kwamba alibahatisha.

Aliinuka akajipangusa kifua. Nilidhani yamekwisha, na nilifurahi kwa sababu yangu mwenyewe: kosa lingekuwa la kitambaa, na kitambaa hakina namba ya jeshi.

"Sawa," akasema meja. "Inawezekana kukosea. Lakini huyu kijana alilala hapa siku nzima ya matayarisho. Aliona kilima hiki, aliona hao watu. Askari akiona hatari kama hii na asiseme, huo bado ni uzembe, na ungeua watu sita." Akamgeukia Abdi. "Ulimwambia mtu yeyote?"

Abdi aliendelea kuangalia mbele.

Karani alimpa meja kalamu.

"Alisema, afande," nikasema. "Alisema. Aliniambia mimi, siku moja kabla. Aliniuliza atajuaje ipi ni yetu."

Meja alinigeukia polepole. "Nawe ukamwambia nini?"

"Nilimwambia aangalie bunduki yake."

"Na hukuliandika hilo."

"Sikuliandika, afande. Kitambaa nilikinunua mimi, na nilijua siku ile ile kwamba swali lake lilikuwa la maana. Niliona aibu."

Kilichonipata mimi baadaye kinanihusu, na kilistahili. Meja aliikunja karatasi mara mbili, akaitia mfukoni mwa shati lake lenye vumbi, akamrudishia karani kalamu. Hapo Abdi, aliyekuwa amesimama wima tangu alfajiri, alipiga magoti, kisha akaketi chini kabisa kwenye nyasi kavu bila ruhusa, akajifunika uso kwa mikono yote miwili. Nilikuwa mkubwa wake, na meja alikuwa mkubwa wetu sote. Hakuna aliyemwambia asimame.